Don't Starve Together: Kilichokuua si Kilichokupiga Mwisho

Mdogo wangu alikufa mara tatu mfululizo kwa buibui. Akanijia akitaka nimfundishe kupigana nao. Sikumfundisha. Nilivuta kiti nikamtazama akicheza mara ya nne. Asubuhi nzima alikuwa akiwafuata wenzake wawili, wote watatu wakichuma vichaka vilevile na kukata miti ileile. Jioni ilipoingia tumbo lilikuwa chini ya nusu, mkononi hana kitu zaidi ya shoka, na hapo ndipo alipoona kiota cha buibui akakumbuka kwamba buibui wana nyama. Akaenda. Buibui walimalizia kazi iliyoanza asubuhi.

Ndiyo maana naandika mwongozo huu kwa kufuata dalili. Don't Starve Together, gemu la kujinusuru porini kutoka Klei Entertainment ya Vancouver, Kanada, lililotoka rasmi mwaka 2016, halimfundishi mgeni chochote. Linakushusha kwenye majani mikono mitupu. Ukifa, tangazo linawaonyesha wote ni nani aliyekuua, na mgeni husoma jina hilo akaamini ameipata sababu. Ukitaka kuijua sababu yenyewe, rudi nyuma siku moja nzima ya gemu, ambayo ni dakika 8 za saa yako ya ukutani.

Mambo machache uyashike kabla hatujaanza. Kona ya juu kulia kuna saa, na chini yake picha tatu: tumbo, moyo na ubongo. Tumbo ni njaa, moyo ni afya, ubongo ni utulivu wa akili. Mhusika wa kawaida kama Wilson anaanza na 150 za njaa, 150 za afya na 200 za akili. Njaa hushuka 75 kwa siku, kwa hiyo tumbo lililojaa linakupa siku mbili tu. Na ukiwa na wenzako, dunia haisimami unapofungua ramani au unapotafuta kitu kwenye menyu ya kutengeneza vifaa. Giza linaendelea kuja.

"Giza limeniua"

Skrini inakuwa nyeusi, unasikia sauti ya kutisha, na baada ya sekunde chache unapoteza afya 100 kwa pigo moja. Huyo ni Charlie. Hapiganiki wala hakimbiliki, dawa yake ni mwanga peke yake. Pigo la kwanza Wilson anaweza kulivumilia, la pili linammaliza.

Wageni wengi wanadhani walichelewa kuwasha moto. Mara nyingi walichelewa kukusanya. Saa ya gemu imegawanywa vipande 16, kila kimoja sekunde 30. Katika msimu wa kwanza, ule wa majani kupukutika, mchana una vipande 8, jioni 6 na usiku 2 tu. Maana yake usiku wa mwanzo ni dakika moja. Mwenge mmoja, unaotengenezwa kwa nyasi 2 na vijiti 2, unawaka sekunde 75. Kwa hesabu hiyo mwenge mmoja unakuvusha usiku mzima, mradi uuwashe giza likishaingia kweli. Kosa ninaloliona kila mara ni mtu kuushika mwenge tangu jioni, wakati bado anaona vizuri. Jioni haikuui. Ukiutoa mkononi mwenge unazimika na kilichobaki kinahifadhiwa, kwa hiyo uweke mfukoni mpaka kipande cha mwisho cha jioni kinapokatika.

Sababu nyingine ni ya kundi. Mko wanne, kila mmoja anaamini kuna mwenzake mwenye kuni. Giza linaingia, mnatazamana. Moto wa kambi wa muda ni nyasi 3 na magogo 2, vitu ambavyo mtoto anaviokota kwa dakika moja, lakini hakuna aliyeviokota kwa sababu kila mtu alikuwa na mtu wa kumtegemea. Dawa yake ni ya kila mmoja: usipungukiwe kamwe na nyasi 2 na vijiti 2 mfukoni, hata kama mnatembea na mtu mwenye magogo 40. Kundi hutawanyika. Mmoja anamfukuza sungura, mwingine anafuata barabara, na giza linamkuta kila mtu mahali pake.

Kama mnazimikiwa na moto mkiwa mmeuzunguka, basi bado mnaishi kwa moto wa muda. Mara tu mkipata mawe 12 na magogo 2, jengeni shimo la moto la kudumu, lililoandikwa Fire Pit. Halitoweki likizimika, unatupia gogo, linaendelea. Kwa mawe utahitaji sululu, ambayo ni vijiti 2 na mawe ya gumegume 2. Shoka ni kijiti kimoja na gumegume moja. Hivi viwili vitengeneze kabla hujafanya kitu kingine chochote siku ya kwanza.

"Tunaokota chakula siku nzima na bado tuna njaa"

Hili ndilo tatizo ninalotaka kulikalia, maana ndilo linalozaa mengine karibu yote.

Fanyeni hesabu. Mtu mmoja anakula 75 kwa siku, watu wanne wanakula 300. Beri mbichi inatoa 9.4 hivi. Ili wanne washibe kwa beri mbichi wanahitaji beri 32 kila siku, na kichaka kilichochumwa hakizai tena mpaka zipite siku kadhaa. Dunia haiongezi vichaka kwa sababu mmeongezeka. Kwa hiyo kundi linalotembea pamoja kama msafara, kila mtu akichuma anachokiona, linamaliza eneo moja ndani ya siku mbili na kuanza kulaumiana.

Sababu ya kwanza basi ni kutembea pamoja. Gawaneni mwelekeo mapema asubuhi. Mmoja afuate pwani, mwingine barabara (ukitembea juu ya barabara mwendo unaongezeka), wa tatu abaki akikusanya nyasi na vijiti, kisha kutaneni jioni mahali mlipokubaliana. Kumbukeni kwamba ramani ya kila mtu ni yake: alichokiona mwenzako hakionekani kwako. Mwambiane kwa maandishi au sauti, na mtumie lango mliloanzia kama alama ya kukutania, kwa sababu hilo kila mmoja analo kwenye ramani yake.

Sababu ya pili ni kula vibichi. Beri ikichomwa inafika 12.5. Karoti haibadiliki upande wa njaa, ila ikichomwa inakupa afya zaidi kidogo. Nyama mbichi inakushibisha sawa na ya kuchoma lakini inakunyang'anya akili 10. Hakuna sababu ya kula nyama mbichi ukiwa na moto mbele yako.

Sababu ya tatu, na hii ndiyo kubwa: hamna chungu. Chungu cha kupikia kwenye skrini kimeandikwa Crock Pot. Kinataka mawe 3 ya kuchonga (kila moja hutoka kwenye mawe 3 ya kawaida), mkaa 6 na vijiti 6. Kinachowakwamisha wageni ni mkaa, kwa kuwa hakuna mahali unapouokota. Unaupata kwa kuunguza miti na kuikata ikiwa imeungua. Tafuta kikundi kidogo cha miti mbali na kambi, mbali na nyasi mnazozitegemea, ukiwashe kwa mwenge, usogee pembeni usubiri, kisha ukate. Moto unaruka kutoka mti hadi mti, kwa hiyo usifanye hivyo ndani ya msitu mkubwa mnaoutegemea kwa kuni.

Chungu kina nafasi 4. Tia kipande 1 cha nyama, hata kile kidogo cha sungura, na beri 3. Baada ya sekunde chache unatoa chakula kilichoandikwa Meatballs, kile ambacho watu wa pwani tungekiita kababu, chenye kushibisha 62.5. Viungo hivyohivyo vikichomwa kimoja kimoja vingekupa 50, vikiwa vibichi 40 na ushei. Na habari njema zaidi ni hii: nyama ya zimwi, ile ya rangi ya zambarau wanayoiacha buibui na mbwa, ukiila mbichi inakuondolea afya 20 na akili 15, lakini ikiwa moja tu ndani ya chungu pamoja na beri 3, sumu inapotea kabisa. Unapata kababu zilezile. Usitie mbili, hapo chakula kinageuka kuwa kibaya. Ukitia kijiti kimoja badala ya beri moja unapata mishikaki, nayo inashibisha 37.5 tu, kwa hiyo vijiti viacheni kwa kazi nyingine.

Sasa rudieni hesabu. Kababu 5 ni 312.5. Watu wanne wanashiba siku nzima kwa vipande 5 vya nyama na beri 15. Mitego ya sungura ndiyo inayoleta hivyo vipande: nyasi 6 na vijiti 2 kwa mtego mmoja, uuweke juu ya tundu lenyewe la sungura, uondoke, urudi jioni wanaporejea mashimoni. Mitego 5 kwenye uwanda wenye matundu mengi inalisha kundi bila mtu kushika silaha.

Na jambo dogo linaloharibu mengi: asipike kila mtu chake. Mchagueni mmoja wenu awe wa chungu, wengine wamletee. Nimeona kundi la watu watano ambapo kila mmoja alikuwa na vyakula vinavyooza mfukoni, na hakuna aliyekuwa na mlo kamili. Tumbo likifika sifuri, afya kamili ya Wilson inakwisha ndani ya dakika 2.

"Ubongo unashuka na sijui kwa nini"

Akili ikiisha, vivuli vyeusi vinajitokeza na kukushambulia. Kabla havijaanza kuna ishara: kingo za skrini zinatikisika, unasikia minong'ono, na sungura wanaanza kuonekana weusi wenye manyoya. Ukishuka hadi asilimia 15, yaani 30 kwa Wilson, vivuli vinakuwa na meno kweli.

Angalia kwanza ulichokula. Nyama mbichi, nyama ya zimwi na vyakula vilivyooza ndivyo vinavyoongoza. Kisha muda unaokaa jioni na usiku, kwa sababu vyote viwili vinapunguza akili taratibu, na giza tupu linapunguza kwa kasi ya kutisha. Kisha ukaribu wa viumbe: ukisimama karibu na buibui, akili inavuja hata kama hawajakugusa. Na kwenye kundi kuna sababu ya nne ambayo hutaiona kwenye mwili wako. Mwenzenu aliyekufa, akiwa mzimu, anawapunguzia akili wote mlio hai kwenye dunia ya aina ya Survival, ile inayofutwa wote mkifa. Hilo nalirudia hapo chini.

Tiba ya bei rahisi ni maua. Kila ua unalochuma linarudisha 5. Petali 12 zinatengeneza shada la kichwani, kwa hiyo kufikia kulivaa umesharudisha 60, na likiwa kichwani linaendelea kukupa kidogo kidogo. Uyoga wa kijani, unaojitokeza jioni, ukiuchoma unarudisha 15. Uyoga huohuo mbichi unakuondolea 50, basi uchome. Ule mwekundu uache kabisa ukiwa mgeni. Halafu kuna zawadi ambayo watu hawaioni: kila unapotengeneza kifaa kipya kwa mara ya kwanza mbele ya mashine ya sayansi, akili inapanda. Mashine yenyewe ni dhahabu 1, magogo 4 na mawe 4. Kila mchezaji hujifunza kivyake, ujuzi wa mwenzako hauhamii kwako, kwa hiyo muundieni kila mtu nafasi ya kusimama pale siku ya pili au ya tatu. Mashine moja inawatosha wote. Kundi lenye mashine tatu limepoteza dhahabu mbili.

"Mbwa walikuja tukafa wote"

Mbwa hawaji bila kubisha. Mhusika wako anasema kitu kuhusu mngurumo, na mngurumo unasikika ukikaribia. Una muda mfupi. Tatizo ni jinsi unavyoutumia.

Mbwa mmoja ana afya 150 na kila akiuma anaondoa 20. Ngumi zako zinapiga 10, kwa hiyo unahitaji mapigo 15. Mkuki unapiga 34, mapigo 5 yanatosha. Mkuki ni vijiti 2, kamba 1 na gumegume 1. Kamba ni nyasi 3. Vazi la magogo, Log Suit, ni magogo 8 na kamba 2, na linazuia asilimia 80 ya pigo: yale 20 yanakuwa 4. Tofauti kati ya kundi linalokufa siku ya mbwa na linalopona ni rundo la nyasi na magogo ambalo lingekusanywa siku mbili kabla, yaani nyasi 9 na magogo 8 kwa kila mtu. Narudi kwa mdogo wangu hapa: siku alipovaa vazi hilo na kushika mkuki, buibui mwenye afya 100 alianguka kwa mapigo 3, na tukaacha kabisa kuzungumza habari za namna ya kupigana.

Sababu ya pili ya kufa kwa mbwa ni kutawanyika mngurumo ukiwa umeshaanza. Mbwa huletwa kwa wachezaji, kwa hiyo aliye mbali atapata wake peke yake. Mkisikia mngurumo, acheni kila mnachofanya mkutane. Kama hamna silaha kabisa, kimbilieni kundi la nyati wenye manyoya. Mbwa wakiwagusa kwa bahati mbaya, nyati wote wanawageukia. Ila jihadharini msiwapige nyati ninyi wenyewe, na mkiwaona makalio yamekuwa mekundu, msikaribie: wako kwenye msimu wao wa kupandana na wanamvamia yeyote.

Baada ya vita, tezi ya buibui inarudisha afya 8 ikitumika yenyewe. Ikichanganywa na majivu 2 na jiwe 1 inakuwa dawa ya kupaka inayorudisha 20. Mabawa ya kipepeo ukiyala yanarudisha 8. Usile nyama nzuri kwa ajili ya afya, haina afya ya maana ndani yake.

Dalili ndogo, majibu mafupi

Unapigwa na kitu usichokiona: uko kwenye kinamasi, ardhi ya zambarau iliyokolea. Chini yake kuna mikono mirefu inayochomoza. Toka kwa njia ileile uliyoingilia.

Mti umeng'oka na unakufuata: umekata miti mingi mno, na mlinzi wa msitu ameamka. Panda mbegu za msonobari karibu naye mpaka atulie. Jizoeshe kupanda mbegu moja kwa kila mti unaoukata, msitu utakulipa baadaye.

Vichaka vya beri mlivyohamishia kambini havizai: vinataka mbolea. Okoteni samadi ya nyati, au tumieni chakula kilichooza.

Umeitwa kula nyumbani, umerudi umekuta umekufa: mhusika wako alibaki amesimama. Ukiondoka kwenye seva kabisa, mhusika anaondoka pamoja na mzigo wake, na njaa haimgusi mpaka urudi. Toka, usisimame.

"Nimekufa, sasa na wenzangu wanakufa"

Hapa kundi zima huporomoka ndani ya dakika chache. Mmoja anakufa, anakuwa mzimu, vitu vyake vinabaki alipoangukia. Wenzake wanakimbilia vitu hivyo, mahali palepale penye kilichomuua, na wa pili anakufa. Mizimu miwili inawapunguzia akili waliobaki, vivuli vinaanza kushambulia. Kwenye aina ya Survival, wote wakishakuwa mizimu inaanza kuhesabiwa sekunde 120, na zikiisha bila mtu kufufuka dunia inafutwa.

Kinachokosekana ni moyo wa kufufulia, ulioandikwa Telltale Heart. Unahitaji nyasi 3, tezi 1 ya buibui, na afya 40 ya anayeutengeneza. Hauhitaji mashine yoyote. Kwa hiyo tezi ya kwanza mtakayoipata isitumike kujipaka. Iwekeni kambini kwa ajili ya moyo, na mtengenezaji autengeneze siku za amani, akiwa na afya ya kutosha kutoa hizo 40. Ukiungoja mpaka siku ya msiba, mtu mwenye afya 45 anajikuta analazimika kubaki na 5. Aliyefufuliwa kwa moyo anarudi na kiwango chake cha juu cha afya kimepungua kwa robo, basi asipelekwe vitani siku hiyohiyo.

Kama una bahati, mmoja wenu aliwahi kuona mawe ya kufufukia yaliyozungukwa na vichwa vya nguruwe juu ya miti. Mzimu ukiyagusa unafufuka, kila mchezaji mara moja kwa kila jiwe. Mkiyaona siku za mwanzo, mwambiane yalipo.

Mimi ningewashauri wageni waanze na dunia ya aina ya Endless, ambako mzimu unaweza kurudi langoni ukafufuka na dunia haifutwi. Mtajifunza haraka zaidi mkiwa na dunia inayowasubiri kuliko mkianza upya siku ya nne kila jioni.

"Napiga lakini haipigi"

Mkuki unapita mwilini mwa buibui, unarudishwa nyuma hatua tatu, chakula ulichookota kinarudi chini. Hiyo ni lagi, na sababu zake ni chache. Ukicheza kwenye seva za wageni, ping, yaani muda ambao ujumbe unachukua kwenda kwenye seva na kurudi, ndiyo namba ya kuitazama kabla hujaingia, na kutoka Afrika Mashariki seva iliyoko Ulaya kwa kawaida itakuwa karibu kuliko ya Marekani. Ukicheza na marafiki, dunia inaishi ndani ya kompyuta ya mwenyeji: bando lake likiyumba, wote mnayumba, na umeme ukikatika kwake, wote mnatoka. Mwenye kompyuta na intaneti imara zaidi ndiye awe mwenyeji, hata kama gemu alilinunua jana.

Mwenyeji mwenye kompyuta dhaifu azime mapango wakati wa kuunda dunia, kwa sababu mapango yanaendesha dunia ya pili kwa wakati uleule. Kwenye mipangilio kuna kipengele cha Lag Compensation. Jaribu hali zote mbili uone ipi inakufaa. Na umeme ukirudi msihuzunike sana: gemu linahifadhi kila siku mpya inapoanza, mtakuwa mmepoteza si zaidi ya siku moja, na mwenyeji anaweza pia kuirudisha dunia nyuma kwa makusudi.

Kama unakufa dakika chache tu baada ya kujiunga na dunia ya watu wengine, tazama orodha ya seva kabla hujabonyeza: inaonyesha msimu na siku. Umeingia katikati ya baridi au joto kali, na karibu na lango kila kichaka kimeshachumwa. Tafuta dunia iliyo kwenye siku za kwanza za Autumn, ule msimu wa majani kupukutika. Ukiingia ya wenyewe, omba kabla ya kufungua masanduku yao. Mara nyingi watakupa zaidi ya ulichoomba.

"Tulikuwa vizuri kabisa, tukafa siku ya 23"

Baridi inaanza siku ya 21 na inachukua siku 15. Kingo za skrini zinaganda, mhusika anatetemeka, na ukishaganda dakika 2 zinatosha kukumaliza ukiwa na afya kamili. Nyasi na beri haziachi kitu kipya mpaka baridi iishe. Usiku unapanuka kutoka vipande 2 hadi 6, yaani dakika 3, na mwenge mmoja uliokuwa ukikuvusha sasa unakuishia katikati. Unahitaji mitatu.

Kundi linalokufa siku ya 23 lilishakufa siku ya 15, siku lilipokuwa limeshiba likaona hakuna haraka. Kuanzia siku hiyo badilisheni kazi. Kusanyeni nyasi na magogo mengi kuliko mnavyodhani yanahitajika. Pateni jiwe la joto, Thermal Stone, ambalo ni mawe 10, gumegume 3 na sululu 1, moja kwa kila mtu. Lipashwe karibu na moto, kisha mtu atembee nalo mpaka lipoe arudi. Kinga za masikio za sungura 2 na kijiti 1 zinasaidia anayetoka mara kwa mara. Atakayemchagua Wilson aache kunyoa, ndevu zake zinamkinga na baridi. Kwenye chungu, barafu inachukua nafasi ya beri: nyama 1 na barafu 3 bado ni kababu, na sungura wanaendelea kutoka mashimoni hata theluji ikianguka, kwa hiyo mitego isiondolewe.

Kisha atakuja Deerclops, jitu la jicho moja lenye afya 4,000, linalovunja majengo. Utasikia kishindo chake na mhusika atakuonya. Msijaribu kulipiga baridi ya kwanza. Mmoja mwenye afya na jiwe la joto alivute mbali na kambi tangu linapojitokeza, wengine wachukue chakula cha chunguni na moyo wa akiba na kusogea upande wa pili. Linavunja kilicho karibu nalo, basi lisiwe karibu na chungu.